Shahidi, Mahali na Maneno Yaliyobaki: Kazi ya Mtengenezaji Filamu Richard Dindo



Mihadhara ya taaluma za Kiswahili kwa kawaida huhusu fasihi yetu, sarufi yetu au historia ya lugha yetu. Kwa hiyo baadhi yenu mlipoona tangazo la leo bila shaka mlijiuliza: Mswisi huyu, tena mtu wa filamu, anatuhusu nini? Jibu langu lina sehemu mbili. Kwanza, Richard Dindo alitumia karibu nusu karne kufanya kazi ambayo sisi wanaisimu na wanafilolojia tunaidai kuwa yetu: alichukua matini iliyoachwa na mtu aliyekufa, akaipeleka mahali ilipotokea, akaisoma tena mbele ya wale waliobaki. Pili, kuna ukurasa mmoja katika kazi hiyo ambao una maneno ya Kiswahili ndani yake, na nitaufikia kabla ya kumaliza.

Nianze na istilahi, kwani ndiyo desturi ya watu wa fani yangu. Aina ya filamu aliyoitengeneza Dindo tumezoea kuiita kwa Kiswahili filamu ya hali halisi. Wengine husema filamu ya kumbukumbu. Majina haya mawili hutumiwa kana kwamba ni visawe, lakini hayasemi jambo moja. Jina la kwanza linaahidi kwamba kilichomo ndani ya picha ndicho kilivyo. Jina la pili halituahidi hivyo. Linatuambia tu kwamba kuna mtu anayekumbuka, na kukumbuka ni tendo lenye mtendaji, lenye mapengo, na mara nyingi lenye upande. Filamu za Dindo ni za aina hii ya pili. Yeye hakuwinda tukio lililokuwa likitendeka. Alifika baada ya miaka 5, au 30, au 100, wakati majani yalikwisha kuota juu ya damu.

Habari za maisha yake nitazipitia upesi. Alizaliwa Zürich mwaka 1944 katika familia yenye asili ya Italia. Aliacha shule mapema, akasafiri, akafika Paris katikati ya miaka ya 1960. Hakusoma chuo chochote cha filamu. Darasa lake lilikuwa ukumbi wa Cinémathèque française, alikotazama filamu usiku hadi usiku, na mitaa ya Paris ya Mei 1968. Filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1970, ya mwisho ilihusu mshairi Bashō wa Japani na ilitoka mwaka 2018. Kati ya hizo alitengeneza zaidi ya 30. Alifariki Februari 2025 akiwa na umri wa miaka 80.

Filamu iliyomfanya ajulikane, na achukiwe, nchini kwake ni ile ya mwaka 1976 aliyoifanya pamoja na mwandishi wa habari Niklaus Meienberg. Jina lake kwa Kijerumani ni *Die Erschiessung des Landesverräters Ernst S.* Tukilitafsiri tunapata takriban hivi: Kupigwa Risasi kwa Msaliti wa Nchi Ernst S. Naomba tuliangalie jina hili kwa makini, kwani sarufi yake ndiyo kiini cha filamu nzima.

Ernst S. alikuwa kijana maskini wa eneo la St. Gallen. Mwaka 1942, Uswisi ikiwa imezungukwa na Ujerumani ya Hitler na washirika wake, alipatikana na hatia ya kuwapatia majasusi wa Kijerumani siri ndogo ndogo za kijeshi na risasi za mizinga. Mahakama ya kijeshi ilimhukumu kifo, na Novemba mwaka huo akapigwa risasi msituni karibu na kijiji cha Jonschwil. Alikuwa na miaka 23. Alikuwa wa kwanza miongoni mwa watu 17 waliouawa nchini Uswisi kwa kosa la usaliti wakati wa vita hivyo.

Sasa rudini kwenye jina la filamu. Kitenzi kimegeuzwa kuwa nomino. Kwa Kiswahili tunalazimika kutumia kauli ya kutendwa katika umbo la kitenzi-jina: kupigwa. Kila mwanafunzi wa mwaka wa kwanza anajua kwamba kauli ya kutendwa kwa Kiswahili ina nafasi ya mtenda, inayotanguliwa na *na*, na kwamba nafasi hiyo inaweza kuachwa wazi bila sentensi kuharibika. Alipigwa risasi. Sentensi imekamilika. Kisarufi hakuna kinachokosekana. Lakini mtu mwenye akili timamu akisikia sentensi hiyo huuliza swali moja tu: na nani?

Filamu nzima ni jitihada ya kujaza nafasi hiyo iliyoachwa wazi. Risasi zilitoka katika bunduki za askari, naam. Lakini Meienberg na Dindo waliendelea kuuliza. Ni nani aliyetunga sheria? Ni nani aliyekataa ombi la msamaha? Na katika miaka ile ile ambapo kijana huyu alikufa kwa ajili ya vitu vidogo, ni nani waliokuwa wakiuza silaha na bidhaa kwa Ujerumani kwa mamilioni, kwa mikataba halali, na baadaye wakazeeka kwa heshima? Hoja yao ilikuwa kwamba wadogo walipigwa risasi na wakubwa wakaachwa. Unaweza kubishana na hoja hiyo, na wanahistoria wa Uswisi walibishana nayo sana. Serikali ya shirikisho nayo iliingia katika ubishi: ilikataa kuipa filamu hiyo tuzo ya fedha ya ubora. Mimi naona kukataa huko kulithibitisha kwamba swali limewafikia waliokusudiwa. Filamu isiyomgusa mtu hainyimwi chochote.

Tena angalieni neno *msaliti*. Dindo hakuliweka katika alama za kunukuu, ingawa ni neno la mahakama wala si lake. Aliliacha juu ya bango kama lilivyotoka katika hukumu, halafu akatumia saa moja na zaidi kulichimba chini.

Katika filamu hiyo kuna jambo jingine ambalo wanaisimujamii waliomo humu watalipenda. Mwaka 1959 Charles Ferguson alipoandika makala yake maarufu kuhusu diglosia, alichagua mifano minne: Kiarabu, Kigiriki cha kisasa, Krioli ya Haiti, na Kijerumani cha Uswisi. Mswisi wa Zürich au St. Gallen huzungumza lahaja yake nyumbani, sokoni na hata ofisini, lakini huandika Kijerumani sanifu. Hati ya hukumu imeandikwa kwa sanifu. Ndugu zake Ernst S. na watu waliomfahamu wanazungumza lahaja. Kwa hiyo mtazamaji Mswisi anasikia, kabla hata ya kuelewa maana, mgongano wa sauti mbili: lugha iliyoua na lugha iliyofiwa. Mtazamaji wa Geneva asomaye maandishi ya Kifaransa chini ya picha hapati mgongano huo. Kwake wote wanasema Kifaransa kimoja kilichonyooka. Nasi tuliokulia katika Kiswahili Sanifu kilichojengwa juu ya Kiunguja tangu miaka ya 1930, huku bibi zetu wakisema Kimvita, Kipemba au Kimtang'ata, tungeelewa mara moja kilichopotea. Wafasiri wetu wa filamu watakapoamua kuzileta kazi hizi kwa Kiswahili, hilo ndilo tatizo la kwanza watakalokutana nalo, na sidhani litatatulika kwa kusanifisha kila kitu.

Nije kwenye neno *shahidi*. Kiarabu kina maneno mawili yaliyotokana na mzizi mmoja, yanayotofautishwa na urefu wa irabu: moja lina irabu ndefu mwanzoni nalo ni mtu aliyeona na anayetoa ushahidi, jingine lina irabu ndefu mwishoni nalo ni mtu aliyekufa kwa ajili ya imani. Kiswahili kilipoyapokea, tofauti ile ya irabu ikayeyuka, tukabaki na umbo moja lenye maana zote mbili. Wako wanaoona hiyo ni kasoro. Kwangu mimi ni bahati, kwa sababu sijui neno jingine linaloeleza vizuri zaidi watu wa filamu za Dindo. Mashahidi wake ni wale waliokufa na wale waliobaki kusimulia, na filamu huwakutanisha.

Mfano wa mapema ni filamu yake ya mwaka 1973 kuhusu Waswisi waliokwenda kupigana katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Hispania, upande wa jamhuri. Walikuwa takriban 800. Wengi hawakurudi. Waliorudi walishitakiwa nyumbani kwa kosa la kutumikia jeshi la kigeni, wakafungwa. Dindo aliwatafuta wazee hao wakiwa bado wanaweza kusema, wakati nchi yao ilikuwa bado inawahesabu kuwa wahalifu. Bunge la Uswisi liliwarejeshea heshima mwaka 2009. Miaka 36 ilikuwa imepita tangu filamu, na karibu wote walikwisha kufa. Sisemi kwamba filamu ndiyo iliyoleta sheria; mambo kama hayo yana wazazi wengi. Nasema tu kwamba ushahidi wao ulipatikana ukiwa umerekodiwa kwa sauti zao wenyewe, jambo ambalo lisingewezekana tena mwaka 2009.

Mfano wa pili ni wa Paul Grüninger, nao kwangu ndio bora kuliko yote aliyoyafanya. Grüninger alikuwa kamanda wa polisi wa jimbo la St. Gallen. Agosti 1938 Uswisi ilifunga mpaka wake dhidi ya wakimbizi, hasa Wayahudi waliokuwa wakikimbia Austria. Yeye aliendelea kuwaruhusu kuingia, mamia kwa mamia, na ili wasirudishwe aliandika katika makaratasi yao tarehe za kuingia zilizotangulia amri. Alifukuzwa kazi mwaka 1939, akapoteza pensheni, na mwishoni mwa mwaka 1940 mahakama ya wilaya ikamtia hatiani kwa kukiuka wajibu na kughushi hati. Alikufa mwaka 1972 katika umaskini. Serikali ya jimbo ilimsafisha jina mwaka 1993, na mwaka 1995 mahakama ikaitengua hukumu yake.

Filamu ya Dindo ilitoka mwaka 1997, ikitokana na kitabu cha Stefan Keller. Alichofanya ni chepesi kukieleza. Aliwaleta wakimbizi waliookolewa, ambao sasa walikuwa wazee, katika chumba kile kile cha mahakama ambamo Grüninger alihukumiwa, akawaomba watoe ushahidi. Mwaka 1940 hakuna aliyewaita. Hukumu ilikwisha kutenguliwa, kwa hiyo kisheria hapakuwa na kesi ya kusikilizwa. Lakini wazee wale wanaongea kama watu ambao zamu yao imechelewa kwa miaka 57. Wanaisimu wa matendo-usemi hutufundisha kwamba tamko halifanyi kazi yake mpaka litolewe na mtu anayestahili, mahali panapostahili. Dindo aliwapa mahali. Je, ushahidi unaotolewa mahali sahihi kwa wakati usio sahihi ni ushahidi? Nawaachia wanafunzi wa pragmatiki walijadili. Mimi nimelitumia swali hilo katika semina zangu na halijapata jibu moja.

Hapo tumekwisha kuingia katika suala la njeo. Kamera haina wakati uliopita. Ukiielekeza kwenye nyumba, inasema *nyumba ipo*. Haiwezi kusema *ilikuwepo*. Picha daima iko katika -na-. Matini iliyoachwa na marehemu iko katika -li- na -ka-: tulifika, tukavuka mto, tukapumzika. Watengenezaji wengi wa filamu huona aibu juu ya pengo hili, wakaliziba kwa waigizaji na mavazi ya kale. Dindo, katika kazi zake nzuri, aliliacha wazi. Sauti inasoma ya zamani, jicho linaona ya leo. Njia ni ile ile, mto ni ule ule, na mtu hayupo.

Alifanya hivyo na maandiko ya Max Frisch mwaka 1981, mwandishi mwenyewe akiwa bado hai. Alifanya hivyo na Jean Genet mwaka 1999. Genet aliingia katika kambi ya Shatila mjini Beirut Septemba 1982, muda mfupi baada ya mauaji ya Wapalestina, akaandika alichokiona. Katika filamu msichana anatembea katika kambi ile ile akiwa na kitabu mkononi, na vichochoro vimejaa watoto waliozaliwa baadaye. Kuhusu Rimbaud, mwaka 1991, nina shaka kidogo. Filamu inamfuata mshairi huyo kutoka Charleville hadi Aden na Harar, jambo zuri, lakini waliomfahamu walikuwa wamekufa siku nyingi, kwa hiyo Dindo akawaweka waigizaji wasimame mbele ya kamera kama mashahidi. Njia hiyo aliirudia kwa Kafka. Maneno ni ya kweli, yametoka katika barua na kumbukumbu zao, lakini uso si wao, na shahidi wa kuazima hanishawishi hata asome vizuri kiasi gani.

Sasa nifike kwenye ukurasa nilioahidi. Mwaka 1994 Dindo alitoa filamu iliyotokana na shajara ya Ernesto Che Guevara ya Bolivia. Shajara hiyo inaanza tarehe 7 Novemba 1966 na kukoma tarehe 7 Oktoba 1967, siku moja kabla ya mwandishi wake kukamatwa na siku mbili kabla ya kuuawa katika kijiji cha La Higuera. Dindo aliifuata njia ya wapiganaji, sauti ikisoma shajara, na akawahoji wanavijiji waliowaona. Wakati huo hata kaburi la Guevara lilikuwa halijulikani. Mabaki yake yalipatikana Vallegrande mwaka 1997. Filamu hiyo ina udhaifu: inamwamini mno mwandishi wa shajara, na wakulima wa Bolivia wanabaki pembeni ya habari ambayo pia ni yao. Lakini mtu anayesikiliza kwa sikio la lugha atapata mengi. Wapiganaji walijifunza Kikechua msituni, ilhali wenyeji wa eneo walilokuwamo ni wa jamii ya Waguarani. Somo la lugha lilifanyika kwa bidii, kwa lugha isiyokuwa ya pale.

Katika shajara hiyo ya Kihispania anatajwa mpiganaji aitwaye Tuma. Jina lake halisi lilikuwa Carlos Coello, Mkuba. Tuma ni kifupisho cha Tumaini. Alipewa jina hilo Kongo mwaka 1965, pamoja na wenzake waliopewa majina ya Kiswahili. Víctor Dreke alikuwa Moja, José María Martínez Tamayo alikuwa Mbili, na Guevara mwenyewe, ili asitambulike, akawa Tatu. Angalieni umbo: si *wawili*, si *wa tatu*, bali namba tupu za kuhesabia zisizo na upatanisho wa kingeli, kama zinavyotoka katika kamusi au kinywani mwa mtoto anayehesabu. Kwa watu wa pwani Tatu ni jina la binti, lakini nadhani hakuna aliyethubutu kumwambia. Tumaini alikufa Bolivia tarehe 26 Juni 1967. Mbili alikufa mwezi uliofuata, na Tatu Oktoba. Dreke, aliyekuwa Moja, hakwenda Bolivia.

Dindo hakutengeneza filamu ya safari ya Kongo, na asingeweza kuifanya kwa urahisi wakati ule. Guevara alivuka Ziwa Tanganyika kutoka Kigoma Aprili 1965, akatoka Novemba, akaandika kumbukumbu zake akiwa amejificha Dar es Salaam katika ubalozi wa Kuba. Matini hiyo haikuchapishwa kwa ukamilifu hadi mwishoni mwa miaka ya 1990. Nayo, zaidi ya ile ya Bolivia, ni matini kuhusu lugha. Kamanda anajua Kihispania na Kifaransa; wapiganaji walio chini yake wengi wanajua Kiswahili cha Kongo na lugha zao za nyumbani, Kibembe miongoni mwao. Akapewa kijana wa miaka 16, Freddy Ilanga, awe mkalimani na mwalimu wake wa Kiswahili. Kijana huyo alipelekwa Kuba baadaye, akawa daktari, akafariki mwaka 2005. Mwanaanthropolojia Katrin Hansing alimrekodi na kutengeneza filamu fupi juu yake. Huyo mmoja alipata msikilizaji.

Lakini njia ya Dindo inataka zaidi ya mtu mmoja. Inataka mahali, na mahali papo: gati la Kigoma, upande wa pili wa ziwa, milima ya Fizi. Inataka matini, na matini ipo, ingawa imeandikwa na mgeni ambaye katika kurasa nyingi hakuelewa kinachosemwa mbele yake. Na inataka wale waliokuwa wakisema. Wapagazi, wavuvi waliowavusha kwa mashua, wanawake waliowapikia, wapiganaji waliopewa amri kupitia mkalimani. Wao walisikia nini? Walimwitaje? Kauli ipi ya Guevara iliwafikia, kwa maneno gani, na ipi ilipotea katikati ya Kifaransa na Kiswahili? Maswali hayo hayawezi kuulizwa na mtengenezaji filamu kutoka Zürich, hata angekuwa hai, bila mtu aliyebobea katika Kiswahili cha Kongo, anayejua tofauti ya msamiati wa Fizi na wa Kigoma, na anayeweza kuandika manukuu bila kuwasanifisha wazee hao hadi wafanane na watangazaji wa redio. Watu wenye ujuzi huo wameketi katika ukumbi huu. Safu tatu za mbele zina angalau wanne ambao nimewasimamia tasnifu zao.

Kinasa sauti ni rahisi kupatikana siku hizi, na kamera ya simu inatosha kuanzia. Hali ya usalama katika Kivu Kusini inaweza kuzuia safari kwa upande ule wa ziwa, lakini upande wa Kigoma wako wazee waliovuka zamani na hawakurudi, na kwao hapahitajiki kuvuka mpaka. Aliyekuwa na miaka 16 mwaka 1965 alizaliwa mwaka 1949.